Rufaa ya Askari wa Tembo

Mume wangu alikuwa askari wa tembo. Si kazi ya fahari kama watu wa mjini wanavyodhani wakiisikia. Kazi yenyewe ni kukesha kwenye dungu katikati ya mashamba, kutafuna muhogo wa kuchoma na kuliwa na mbu, ili mahindi ya watu wengine yafike ghalani. Serikali ya wenyeji ilimpa gobori, baruti, kaptura ya kaki na kofia. Watu wa Kilimarondo walimwita Bwana Nyama hata misimu ambayo hakuua panya. Kofia ile aliitundika kwenye kigingi cha mlangoni, na sikuruhusiwa kutundika kitu kingine pale, hata ungo.

Kwao ni Matambarale, upande wa Ruangwa. Kwetu mwanamume ndiye anayefunga virago akahamia kwa mkewe, kwa hiyo Kilimarondo alikuwa mkwe, na mkwe ni mgeni hata akizeeka. Mwenye mji alikuwa kaka wa mama yangu. Sisi tulimwita njomba, serikali ilimwita jumbe. Mimi nilimpenda njomba. Nilipokuwa mdogo alikuwa akinibebea vitita vya miwa mgongoni kutoka bondeni, nami nikaamini hakuna mtu mkubwa kumzidi. Nasema haya mapema ili asiyemjua asije akadhani nilikuwa na kisasi cha zamani.

Miaka ile Wazungu walikuwa wameijaza Nachingwea mashine za kung'oa miti ili wapande karanga. Tembo wakafukuzwa kule, wakaja huku kwetu. Mahindi yalikuwa yameanza kukomaa njomba alipoingia uani kwetu asubuhi moja. Nilikuwa natwanga mtama. Alisimama kando ya ghala, akasema na mume wangu kwa sauti ya chini, ila si ya chini ya kunishinda mimi.

"Mkwe, Matambarale wanatoa watoto jandoni. Wapwa zangu wamo. Kitoweo hawana. Nenda na hiyo bunduki ukawapigie nyama, hata pofu mmoja wa porini, urudi."

"Jumbe, bunduki hii ni ya mashamba."

"Na mashamba ni ya nani? Nikisema mimi nenda, serikali imesema."

Mkwe hambishii mjomba wa mkewe. Mume wangu alivaa kofia akaenda. Na tembo, ambao nadhani wana masikio ya kusikia yote yanayosemwa kando ya maghala, wakaingia akiwa bado njiani. Walianza na mashamba ya bondeni, wakapanda, wakamalizia na la mama yangu. Walichoacha walikikanyaga. Sisi wanawake tulipiga madebe mpaka mikono ikavimba, na wanyama wale wakatutazama tu kama wageni wanaotazama ngoma.

Mzungu wa wanyama alikuja kutoka Nachingwea kuangalia hasara. Akamuuliza njomba mbele ya watu wote: askari wako alikuwa wapi? Njomba alikuwa na njia mbili. Angesema kweli, cheo cha ujumbe kingemtoka, maana kupiga nyama ya karamu kwa bunduki ya serikali lilikuwa kosa, na kumtuma mlinzi wakati wa mavuno kosa kubwa zaidi. Alichagua njia ya pili.

"Katoroka, Bwana. Kaenda kwao kwenye ngoma."

Mume wangu aliporudi alivuliwa kofia hadharani, gobori likachukuliwa, na kazi ikaishia hapo. Tangu siku ile wanawake kisimani wakaniita mke wa mtoro. Njaa ya mwaka ule ikapewa jina lake. Mtu akikosa unga alitazama nyumba yetu kwanza, halafu mbingu.

Mume wangu alifungua shauri barazani kudai kazi yake. Mimi nikaenda kusema nilichosikia, kwa kuwa hakuwapo shahidi mwingine. Wazee wa baraza walikuwa watu wa kula sinia moja na njomba. Mmoja wao akasema, "Huyu ni mke wa mdai, na ni mpwa wa jumbe. Akisema hivi anamtetea mume, akisema vile anamtetea mjomba. Ushahidi wa namna hii ufungwe nje na mbwa." Wakacheka. Sijui kama mimi ningekuwa na mchi mkononi siku ile wangecheka vile. Nilirudishwa bila kufungua kinywa, na mume wangu akashindwa.

Akakata rufaa kwa Bwana Shauri, Mzungu mkuu wa wilaya, Nachingwea. Karani wa kule, mtu wa Pwani mwenye viatu vinavyong'aa, alitusikiliza vizuri, akaniambia, "Mama, hapa utasemeshwa. Siku ikifika uje naye." Maneno hayo yalinishibisha kuliko chakula. Nikawa kila ninapotwanga najizoeza: alisimama kando ya ghala, alisema hivi, akajibiwa hivi. Mchi ukipanda neno moja, ukishuka neno jingine.

Njomba alipopata habari alikata salamu. Ukoo ukapasuka. Hakuna aliyekuja tena kwetu kuomba chumvi wala moto. Katikati alibaki mama yangu, kaka yake huku, binti yake huku. Yeye mwenyewe mahindi yake yameliwa yote, na alijua kwa nini. Hakunikataza. Siku moja tu tukimenya mihogo alisema, "Ukisimama pale utamvua nguo kaka yangu mbele ya Mzungu."

"Na yeye aliyemvua mume wangu kofia?"

"Sema, mwanangu. Kweli isemwe. Ila ningojee nife kwanza."

Nilicheka, naye akacheka. Mama alikuwa na mizaha ya namna hiyo. Masika yalipokaribia kwisha alianza kukohoa, na siku ya rufaa ilipokuwa imeshatajwa, hakuweza tena kuinuka kitandani.

Mtani wetu akaja kutoka Mtua. Ukoo wake na wetu ni watani tangu mababu, walipigana, wakaoana, wakazikana. Alikuwa msuka mikeka, mfupi, mwenye sauti ya kumwamsha bubu. Mtani hana adabu kwetu, na sisi hatuna ruhusa ya kumkasirikia. Msibani ndiye anayechimba kaburi na ndiye anayechukua anachotaka. Bibi yangu alipofariki alijitwika kinu chetu cha pekee akaondoka nacho, tukatwanga kwa majirani mpaka arobaini, tulipokikomboa kile kinu kwa jogoo. Anachokiomba mbele ya maiti hanyimwi. Ukimnyima, unamzika mtu wako na deni.

Aliingia chumbani kwa mama bila hodi.

"Mtumwa wangu, bado unahema? Nimeacha mikeka yangu nikijua nimekuja kula wali."

"Utangoja sana," mama akamjibu. "Rudi kwanza ukafue hilo shuka, linaniua kabla ya siku zangu."

Mama alicheka mpaka akakohoa. Mtani alikaa nasi siku zile, akimtukana asubuhi na kumpepea mchana. Wakati mwingine walisema kwa sauti ndogo, nami nikiingia na uji wananyamaza. Sikujali. Nilikuwa nafikiria Nachingwea.

Mama alifariki siku ya Alhamisi, jua likiwa limeanza kupanda. Akaoshwa, akavikwa sanda, jeneza likaletwa uani. Mume wangu alikuwa ameshashika mguu mmoja wa jeneza wakati njomba alipofika. Njomba alikuwa amelia, macho yake mekundu. Akasema, "Aliyenishitaki kwa Mzungu hashiki jeneza la dada yangu. Akae kando."

Hakuna aliyeinua. Vijana wa upande wetu walisema naye ni mtoto wa marehemu, hakai kando. Vijana wa njomba wakasogea. Mama yangu amelala pale chini kati ya miguu yao, na mimi nilihisi aibu iliyonifanya nitake kujifunika naye ile sanda. Nikawaza: watapigana. Watapigana juu ya mama yangu.

Hapo mtani alipita katikati yao, akaenda akajilaza kifudifudi pale kwenye mlango wa ua, mahali jeneza litakapopita.

"Haendi mtu! Huyu ni mtumwa wangu, na mimi sijalipwa!"

Watu walishusha pumzi. Wengine wakacheka, kwa kuwa sasa kulikuwa na jambo wanalolijua. Shangazi mmoja akamtupia kanga. Akairudisha kwa mguu. Wakamwahidi jogoo. Akasema jogoo wa Kilimarondo ni mifupa mitupu. Wakamwahidi mbuzi, akajifanya amelala, akakoroma.

"Basi unataka nini, we mbwa?" shangazi akauliza.

Mtani aliinua kichwa, vumbi usoni.

"Nataka ile rufaa iliyoko Nachingwea. Nipeni iwe mali yangu. Na wewe jumbe, mimi nikiishika, utashika jeneza pamoja na mkweo, bega kwa bega. Hamtaki, mzikeni kwa kupitia ukutani."

Njomba alitikisa kichwa kukubali. Mume wangu akanitazama mimi. Mimi nilitikisa changu kukataa. Aliona. Najua aliona, kwa kuwa alifumba macho kabla ya kusema.

"Nimekupa."

Mtani akainuka, akajikung'uta, akaanza kuwatukana wabebaji wamechelewa. Mama yangu alitoka mlangoni amebebwa na kaka yake upande huu na mkwewe upande huu, na watu walisema hawajaona mazishi yenye heshima namna ile. Mimi nililia machozi ya aina mbili na sikuweza kuyatenganisha.

Jioni ileile, watu wakiwa bado mkekani, nilimwita mume wangu nyuma ya nyumba.

"Ulichotoa si chako peke yako. Na ulimi wangu umo humo."

"Nimetoa mbele ya maiti. Ya mama yako."

"Kanga anayopewa mtani ni kanga. Kesi ni kesi! Nani amewahi kuombwa kesi?"

"Juma lijalo nikisimama kwa Bwana Shauri na rufaa niliyokwisha kuitoa, nitakuwa mwongo kweli," alisema. "Leo mimi ni mtoro wa kusingiziwa. Siku ile nitakuwa mtoro wa kujitakia."

Alikuwa mtu wa namna hiyo, neno likishamtoka kinywani haliwi lake tena. Ndicho kilichonifanya nimpende, na siku ile ndicho nilichotamani kukivunja kwa jiwe.

Tulikwenda Nachingwea pamoja, kwa kuwa nami nilikuwa nimeitwa. Njia ilitupitisha Mtua. Nilipoona nyumba ya mtani, na mikeka yake imeanikwa uani, nilisimama.

"Ngoja niingie nimtukane."

"Hapana."

"Nimtukane tu. Yeye mbona hututukana?"

"Ukiingia utaanza kudai urudishiwe, nami nitaaibika. Twende."

Tulipita. Nilisikia kikohozi chake ndani ya nyumba, na nyuma yetu mbuzi akilia. Hatukubisha hodi.

Bwana Shauri alikuwa mtu mwembamba, mwenye Kiswahili cha kutembea kwa magongo. Mume wangu alisema anaondoa rufaa yake. Bwana Shauri akauliza nani amemtisha. Akajibu hakuna. Akauliza kama amepewa kitu. Akajibu hapana.

"Basi kwa nini?"

"Nimeombwa na mtani, Bwana."

Yule Mzungu akamgeukia karani amweleze mtani ni nani. Karani alitazama viatu vyake vinavyong'aa. Nadhani alijua, lakini kulieleza jambo lile katika chumba kile, chenye meza ile, kulimshinda. Akasema ni mtu wa kufanyiana naye mzaha.

"Umekuja toka Kilimarondo kwa miguu kuondoa rufaa kwa sababu ya mzaha?"

Nikasema, "Bwana, mimi ni shahidi. Nilikuwepo." Karani akaniambia kwa upole, na upole wake uliniuma kuliko kicheko cha barazani, kwamba rufaa ikiondolewa shahidi hana kazi. Muhuri ukapigwa. Tukatoka nje kwenye vumbi la malori ya karanga, na hapo nje mume wangu aliniuliza kama nina njaa.

Arobaini ikafika. Njomba alikuja, maana tangu mazishi salamu zilikuwa zimerudi, salamu za mdomoni. Wali ulikuwa unaiva. Mtani aliingia na mkeka mpya begani, mpana, wa rangi mbili, akautandika katikati ya ua. Akampigia kelele njomba akae upande huu. Akampigia kelele mume wangu akae upande huu. Yeye akakaa katikati.

"Haya, watumwa wangu, jogoo wangu yuko wapi? Nimekuja na rufaa yenu. Nimeichoka, inakula kuliko mbuzi. Ikomboeni niende zangu."

Nilikuwa nimeshika sinia. Nililiweka chini.

"Iko wapi ya kukomboa?" nikasema. "Tulikwenda Nachingwea, ikafutwa. Muhuri umepigwa."

"Imefutwa na nani?"

"Uliiomba," mume wangu akasema.

"Niliiomba kama nilivyoomba kinu!" Sauti yake ikapasuka. "Kinu nilikisaga? Nilikipasua kuni? Nilikitunza nikawaletea!" Akanigeukia mimi. "Mama yako ndiye aliyenituma. Alisema, lizuie shauri mpaka arobaini, nikazikwe na mikono ya wote wawili. Halafu warudishie shauri lao, waende wakasemane popote wanapotaka, mimi nitakuwa sipo. Hakutaka mfute, alitaka siku isogezwe. Nani kasema mfute?"

Kweli isemwe, ila ningojee nife kwanza. Alikuwa ameniambia mwenyewe, tukimenya mihogo, nami nikacheka.

Mume wangu alikaa vilevile, mikono magotini. Njomba alikuwa amenyoosha mikono akinawishwa, na hakuacha kunawa. Ndipo hasira zikanipanda, zikaniinua. Nikasema ushahidi wangu wote pale uani, mbele ya watu wa arobaini, kama nilivyojizoeza kwenye kinu. Njomba, ulisimama kando ya ghala lile pale. Ulisema, Matambarale wanatoa watoto jandoni. Akakujibu, bunduki ni ya mashamba. Ukasema, nikisema mimi nenda, serikali imesema. Sikuacha neno. Wanawake waliacha kupakua.

Njomba alifuta mikono, kidole kwa kidole.

"Mwipwangu, una uchungu wa mama, hatukulaumu. Lakini shauri hilo lilikwisha Nachingwea. Mumeo ndiye aliyelimaliza, kwa kinywa chake." Kisha akawaambia wapakuaji, "Leteni wali, watu wana njaa."

Wali ukaletwa, na watu wakala. Hata wale walioinamisha macho nikisema, walikula.

Mume wangu aliinuka, akaenda akamkamata jogoo, akamfunga miguu, akamletea mtani. Mtani akasema hachukui. Mume wangu akasema, "Chukua, mtani. Ulichoomba nilikupa chote." Mtani alimpokea yule jogoo, akampakata kifuani kama mtoto, akalia kwa sauti. Watani hawalii kwenye misiba yetu. Watoto walipomwona ndipo nao wakaanza kulia, bila kujua wanalia nini. Mkeka aliuacha. Hakutaka kuurudisha Mtua, na mimi sikutaka kuulalia, ukaliwa na mchwa.

Msimu uliofuata tembo walirudi. Ilikuwa alfajiri, tukasikia madebe upande wa bondeni, na mtu anapiga yowe. Mume wangu aliruka kitandani kabla hajaamka vizuri, akaenda mpaka mlangoni, akanyoosha mkono kwenye kigingi. Nilikuwa nimetundika ungo.